Ngoma Ivumayo na Bendi Zisizodumu

Mwezi uliopita wazee wa kijiji kimoja kilicho kando ya ziwa letu, mwendo wa nusu siku kwa miguu kutoka mjini Mwanza, walituita sisi walimu barazani ili tutoe rai katika jambo lililoonekana dogo. Vijana watano wa kijiji hicho walikuwa wameunda bendi. Walikuwa na magitaa mawili, ngoma tatu, na kipaza sauti kimoja cha kuazima. Magitaa waliyanunua kwa fedha ya dagaa. Hayo hayakumkera mtu. Kilichowakera wazee ni mashati. Vijana walijishonea mashati ya kitambaa chenye nyuzi zing'aazo, wakabandika vipande vidogo vya kioo kifuani, hata mtu akisimama juani hawezi kumtazama mmoja wao bila kufumba macho. Wakaomba ruhusa ya kupiga katika sherehe ya mavuno.

Baraza likasema maneno mawili. La kwanza: ngoma ivumayo haidumu, bendi kama hizi huzaliwa leo na kufa kesho, nazo ni hasara tupu. La pili: kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza, mwimbaji mwenye sauti nzuri hana haja ya vioo. Tukaulizwa rai yetu. Nasi, tusifiche, tuliwaunga mkono wazee. Vijana wakanyimwa ruhusa. Hata kabla ya mwezi kwisha bendi ikavunjika. Gitaa moja likauzwa, na mpiga ngoma akavuka kwenda visiwani kuvua. Wazee wakasema, "Mnaona? Hatukusema kwamba haitadumu?"

Neno hilo ndilo lililotukosesha usingizi. Kwani bendi ile haikufa kwa kuvuma. Ilikufa kwa kunyimwa uwanja. Mtu akiufunika mche kwa chungu, hapasi kusema kwamba mbegu ilikuwa mbovu. Basi tumeona yatupasa kuyapima maneno yale mawili kwa haki, na mfano tuliouchagua ni wa mtu aliyezaliwa katika nchi hii yetu, akatokea kuwa maarufu katika nchi ya wageni. Bendi zake za kwanza zilikufa zote, na mapambo yake yalizidi ya vijana wetu mara mia.

Mtu huyo ni Farrokh Bulsara, aliyezaliwa Unguja tarehe 5 Septemba 1946. Wazazi wake walikuwa Waparsi wenye asili ya Uhindi, wafuasi wa dini ya Zoroasta. Baba yake, Bomi Bulsara, alikuwa mtunza fedha katika Mahakama Kuu ya Unguja. Kijana alipelekwa Uhindi akasoma katika shule ya bweni ya Mtakatifu Petro huko Panchgani, na huko mnamo mwaka 1958 yeye na wenzake wanne wakaunda bendi iliyoitwa The Hectics. Wasomaji watastaajabu kusikia kwamba katika bendi hiyo Bulsara hakuwa mwimbaji mkuu. Yeye alipiga piano. Bendi ilikuwa ya kuchezea sherehe za shule, na walipomaliza shule ikaisha. Hiyo ndiyo ya kwanza kufa.

Akarudi Unguja mwaka 1963. Tarehe 12 Januari 1964 yakatokea mapinduzi, na mwaka huohuo jamaa yake wakahamia Uingereza, wakakaa Feltham, karibu na London. Tuliangalie jambo hili vema: kijana wa miaka 17, aliyezoea jua la bahari ya Hindi, yuko katika mtaa wa baridi asikojulikana na mtu. Akasoma ufundi wa kuchora katika chuo cha sanaa cha Ealing, akapata cheti chake mwaka 1969. Ufundi huo tutaukumbuka baadaye, maana haukupotea.

Chuoni alikuwa na rafiki aliyeitwa Tim Staffell. Staffell alikuwa mwimbaji wa bendi ya watu watatu iliyoitwa Smile. Wenziwe walikuwa Brian May, mpiga gitaa, na Roger Taylor, mpiga ngoma. Bulsara aliwafuata kila walikopiga, akawapenda, akawashauri wavae nini na wasimameje mbele ya watu. Lakini hawakuwa na nafasi ya mwimbaji wa pili. Naye alikuwa na njaa ya kuimba. Basi katika kiangazi cha mwaka 1969 walifika London vijana watatu kutoka Liverpool kutafuta bahati. Bendi yao iliitwa Ibex. Mike Bersin alipiga gitaa, John Taylor gitaa la besi, na Mick Smith ngoma. Hawakuwa na mwimbaji wa kutosha. Bulsara akajitoa kwao, wakampokea.

Tarehe 23 na 24 Agosti mwaka ule walipiga katika mji wa Bolton, kaskazini mwa Uingereza. Siku ya kwanza ndani ya jumba la michezo, siku ya pili katika bustani ya watu wote. Bulsara hakuwa bado ametimiza miaka 23. Tarehe 9 Septemba wakapiga Liverpool, katika klabu moja ya chini ya nyumba. Baadaye jina la Ibex likabadilishwa kuwa Wreckage, maana yake mabaki ya chombo kilichovunjika. Yasimuliwa kwamba Bulsara ndiye aliyelitaka jina hilo, naye alimpigia simu kila mwenzake peke yake, akamwambia kwamba wengine wote wamekwisha kukubali. Hila hii twaitaja kwa kucheka, lakini twaiona pia kuwa ni ya mtu anayejua anakotaka kwenda na asiye na subira na mabaraza.

Jina lilikuwa la bahati mbaya, kwani kabla ya mwaka kwisha chombo chenyewe kilivunjika. Mwanzoni mwa mwaka 1970 Bulsara aliona tangazo gazetini kwamba bendi ya Sour Milk Sea yatafuta mwimbaji. Akaenda, akaimba, akachaguliwa. Mwezi wa Machi wakapiga Oxford, katika ukumbi wa parokia wa mtaa wa Highfield. Lakini mwimbaji mpya alitaka kuigeuza bendi nzima: nyimbo, mwendo, hata sura. Mwenye vyombo hakupendezwa. Bendi ikavunjika baada ya wiki chache. Tangu Agosti 1969 hata Aprili 1970 ni miezi minane; katika miezi minane hiyo kijana mmoja aliimba katika bendi zenye majina matatu, na zote zikafa.

Kama baraza letu lingekuwa Uingereza mwezi ule wa Aprili, lingesema nini? Bila shaka lingesema, "Mnaona?"

Lakini mwezi uleule Staffell aliondoka katika Smile, na bendi hiyo nayo ikafa. May na Taylor wakabaki bila mwimbaji, na Bulsara akabaki bila bendi. Wakaungana. Bulsara akaipa bendi mpya jina la Queen, yaani Malkia, naye mwenyewe akajiita Freddie Mercury. Mpiga besi waliyedumu naye, John Deacon, alijiunga mwaka 1971. Bendi hiyo ilidumu naye hata alipofariki tarehe 24 Novemba 1991, na nyimbo zake zimefika mpaka katika simu za vijana wa mwalo wetu.

Basi tujibu neno la kwanza la wazee. Je, bendi zile tatu zilikuwa hasara? Tumeusikiliza ushahidi uliosalia. Katika usiku ule wa Liverpool mtu mmoja alinasa sauti za Ibex, na wimbo mmoja, ambao asili yake ni wa Beatles, ulitolewa kwa watu wote mwaka 2000. Kadhalika ulitolewa wimbo wa Wreckage ulionaswa katika mazoezi, unaoitwa "Green". Kijana mmoja alitusikilizisha yote mawili katika simu yake, nasi tukarudia mara nyingi, maana mhakiki asiyesikiliza mara ya pili hana haki ya kusema.

Twasema kweli: si nyimbo njema. Katika ule wa Ibex, gitaa na ngoma zaenda kwa kishindo, na mwimbaji apambana nazo kama mtu apigaye makasia kinyume cha wimbi. Sauti yake yapanda lakini haijatulia. Mahali pengine yalazimisha, mahali pengine yakwama. Mtu asiyejua jina lake asingempa tuzo. Wako wapenzi wa Queen wanaosema kwamba ukubwa wake wasikika tayari katika kanda hizo, sisi hatukubali. Hilo ni kusoma kitabu kuanzia mwisho. Kinachosikika ni kitu kingine, nacho chatufaa zaidi: kwasikika mtu asiyeogopa. Hajui bado, lakini haimbi kwa kujificha nyuma ya gitaa. Amesimama mbele kabisa na makosa yake yote.

Nayo makosa hayo yalihitaji mahali pa kufanyiwa. Hii ndiyo kazi ya bendi isiyodumu. Mtoto hujifunza kuogelea katika maji ya magotini, si katikati ya ziwa. Wala hatusemi kwamba maji ya magotini ni hasara kwa sababu hayafiki Ukerewe. Yasimuliwa kwamba siku moja alipokuwa akiimba na Wreckage nguzo ya kipaza sauti ilikatika mkononi mwake, akabaki na kipande cha juu. Hakukitupa, akaendelea kuimba akikichezesha kama fimbo. Ikiwa ilikuwa hivyo au si hivyo, kipande hicho cha nguzo alikishika miaka yote mpaka mwisho, kikawa alama yake. Bendi ilikufa, fimbo ikabaki. Aliyeizika bendi ile angalikuwa mjinga kama angaliizika pamoja na fimbo.

Sasa tuje katika neno la pili, la mashati.

Wakati ule Uingereza ilikuwa inaelekea katika muziki uliokuja kuitwa roki ya glamu, yaani roki ya mapambo na kumetameta. Mfano mmoja wa mwanzo wake ni bendi nyingine isiyodumu. Tarehe 22 Februari 1970 David Bowie na wenzake walipanda jukwaani London, katika jumba la Roundhouse, kwa jina la Hype. Kila mtu alivaa kama mtu wa katuni: Bowie kwa rangi za upinde wa mvua, mpiga besi Tony Visconti kama shujaa mwenye joho, mpiga gitaa Mick Ronson kama jambazi wa sinema. Watazamaji waliovaa nguo za kila siku hawakujua kama wacheke ama waondoke. Bendi hiyo ilimalizika katika mwaka uleule. Lakini mwaka 1971 Marc Bolan wa bendi ya T. Rex akajipaka vumbi limetalo usoni mbele ya kamera za televisheni, na mwaka 1972 Bowie mwenyewe akarudi kwa jina la Ziggy Stardust, na sasa nchi nzima ikamfuata. Waliomcheka Februari walimshangilia baada ya miaka miwili. Je, shati lilikuwa limebadilika? Jicho ndilo lililobadilika.

Bulsara hakuwa mgeni katika mambo hayo. Yeye na Roger Taylor walikuwa na kibanda katika soko la Kensington, wakauza nguo za kale na makoti ya manyoya. Alijua kitambaa kama mvuvi ajuavyo nyavu. Alama ya bendi ya Queen, yenye simba na kaa na ndege mkubwa juu yake, aliichora yeye mwenyewe kwa ufundi aliojifunza Ealing. Na mwaka 1974 fundi mashuhuri wa mavazi, Zandra Rhodes, alimshonea vazi jeupe lenye mikunjo na mikono mipana kama mabawa, hata alipoinua mikono alionekana kama korongo anayetaka kuruka. Mapambo kwake yalikuwa kazi, yenye vipimo na sababu zake. Mtu aliye mbali, nyuma ya vichwa elfu, haoni uso wa mwimbaji. Lakini huona bawa.

Hata hivyo haki yataka tuwape wazee ushahidi wao. Mwaka 1973, kabla tu ya santuri ya kwanza ya Queen kutoka mwezi wa Julai, Mercury aliimba nyimbo mbili za watu wengine zilizotolewa kwa jina la kubuni la Larry Lurex. Lurex ni jina la uzi umetao, ule ule wa mashati ya vijana wetu. Na jina lote lilikuwa la kumdhihaki mwimbaji mmoja wa roki ya glamu aliyekuwa akivuma siku zile. Santuri hiyo haikununuliwa. Sauti ilikuwa njema kuliko ile ya Ibex mara kumi, lakini wimbo ulikuwa wa kuazima, jina la mzaha, na pambo halikuwa na mwili wa kulivaa. Hapa wazee wana haki kabisa: pambo lisilo na kitu ndani yake ni kama mtumbwi uliopakwa rangi na kutobolewa chini. Wala si hilo tu. Tarehe 13 Julai 1985, London, katika uwanja wa Wembley, mbele ya watu 72,000 hivi, Queen walipiga kwa dakika kama 20 katika tamasha la kuchangia wenye njaa wa Uhabeshi, na wengi wasema kwamba hiyo ndiyo saa kubwa kuliko zote katika maisha ya mwimbaji huyu. Alivaa nini? Fulana nyeupe isiyo na mikono na suruali ya jinzi. Wala bawa, wala uzi umetao. Kipande cha nguzo tu mkononi.

Mtu atasema, "Basi amewashuhudia wazee: kizuri chajiuza." Sisi twasema polepole. Mtu yule asingeweza kusimama na fulana mbele ya umati ule kama asingalisimama kwanza na mabawa mbele ya watu mia. Pambo lilimfundisha kutazamwa. Alipokwisha kujua kutazamwa, akaliweka chini. Ngazi huachwa na aliyekwisha kupanda. Hainyang'anywi mtu aliye bado chini.

Tena, wasomaji, tunazungumza kana kwamba mapambo yametujia kwa meli kutoka Ulaya! Hapa Usukumani tangu zamani za babu zetu ngoma zetu ni za mashindano. Yasimuliwa kwamba katika karne ya 19 waganga wawili, Ngika na Gumha, walishindana, na wafuasi wao wakawa vyama viwili, Bagika na Bagalu. Hata leo baada ya mavuno vyama hivyo husimama katika uwanja mmoja, huyu huku na huyu kule, wote wakipiga kwa wakati mmoja. Hakuna mwamuzi mwenye karatasi. Watazamaji ndio waamuzi: wakivutwa wanakwenda, na mwenye umati mkubwa ndiye mshindi. Kwa hiyo wachezaji walitafuta kila namna ya kuvuta macho. Wako waliochonga sanamu za miti zenye viungo vya kuchezeshwa. Wako Bayeye wachezao na nyoka. Wako Bagobogobo warushao majembe hewani na kuyadaka. Mashati ya vioo yakilinganishwa na chatu shingoni ni jambo la upole sana!

Na baada ya Vita Kuu ya kwanza ikaja Beni, iliyozaliwa katika miji ya pwani ya bahari, pamoja na vyama vyake vya Marini na Arinoti. Vijana walivaa sare, wakajipa vyeo vya jemadari na daktari na mfalme, wakapiga tarumbeta. Wamisionari wengi, maofisa wengi na wazee wengi waliilaumu Beni kwa maneno yaleyale tuliyoyasikia barazani: upuuzi, hasara, kuiga wageni. Leo wataalamu huandika vitabu juu ya Beni kama kitu cha thamani katika historia yetu. Wala hatuna haja ya kwenda mbali. Bujora, karibu na Kisesa, katika njia ya kwenda Musoma, Padre David Clement kutoka Kanada aliona ngoma ambazo wengine walizikataza, akaziingiza ngoma za Kisukuma katika ibada, akaanzisha makumbusho ya Kisukuma. Sikukuu ya Bulabo, yaani ya maua, ambayo huadhimishwa huko kila mwaka mwezi wa Juni, huzikusanya ngoma pamoja na mapambo yake yote. Wazee wa baraza letu huhudhuria, hukaa mbele, nao hupiga makofi.

Basi kwa nini vioo vya Bagalu ni urithi, na vioo vya vijana watano ni uhuni? Twaogopa kwamba jibu ni moja tu: wale walikwisha kuwa wazee.

Twaja sasa katika jambo zito, nalo ndilo lililotufanya tuandike badala ya kunyamaza. Kumhukumu mtu kwa nguo yake kumetugharimu katika nchi hii. Tangu tarehe 1 Januari 1969 Umoja wa Vijana wa TANU uliendesha Operesheni Vijana, ukakataza sketi fupi, nywele za bandia, dawa za kujichubua na suruali za kubana. Nia yake ilikuwa kulinda utu wetu. Lakini kwa sababu yake wasichana walizingirwa barabarani Dar es Salaam na kuchaniwa nguo mbele ya watu. Mwezi wa Novemba mwaka uleule muziki wa soul nao ukapigwa marufuku mjini humo. Angalieni tarehe: miezi ileile ambayo mzaliwa wa Unguja alikuwa akijaribu mashati na sauti katika kumbi ndogo za Uingereza, vijana wa umri wake huku kwetu walikuwa wakipimwa suruali. Hatusemi kwamba kila mmoja wao angekuwa mwimbaji mkubwa. Twasema tu kwamba hatutajua kamwe.

Baya kuliko hilo lilitokea ng'ambo ya ziwa hili hili. Katika mkoa wa Kagera, mwanzoni mwa miaka ya 1980, ulitokea ugonjwa usiojulikana uliowakausha watu. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI katika Tanzania walitambuliwa huko mwaka 1983. Kabla ya jina hilo kujulikana, watu waliuita ugonjwa Juliana, kwa jina la nguo ya fahari iliyoletwa na wafanya magendo kutoka Uganda. Waliokuwa na fedha waliivaa, na baadhi yao wakaanza kufa. Basi watu wakasema shati ndilo linaloua. Wakatazama shati, wakaacha kutazama damu na mwenendo. Na wakati wakitazama shati, ugonjwa ulipita katika nyumba za wasiokuwa na shati. Mwimbaji tuliyemtaja naye alikufa kwa ugonjwa huohuo, katika nyumba njema ya London, akiwa na miaka 45. Mauti hayakuuliza amevaa nini. Sisi tuliowazika ndugu zetu pande hizi zote za ziwa twapasa kujua kuliko watu wengine wote kwamba nguo si mahali pa kutafutia ubaya wa mtu.

Baada ya kusema hayo, twarudi katika kazi ya uhakiki, maana hatutaki mtu adhani kwamba kila chenye kung'aa tumekibariki. Bendi ihukumiwe, na ihukumiwe kwa ukali. Lakini kwa maswali yanayoihusu. Kwanza, je, wanaimba wimbo wao, au wanakopi wa mwingine kama yule Larry Lurex? Pili, je, pambo lasaidia wimbo usikike na kukumbukwa, au laziba masikio? Tatu, je, wiki hii wanaimba vema kuliko wiki iliyopita? Hili la tatu ndilo kubwa, na ni lile ambalo mtu hawezi kulijibu bila kuwapa uwanja. Juu ya kudumu, tusiulize kabisa. Bendi si daraja, hata tuipime kwa miaka. Ibex na Wreckage na Sour Milk Sea hazikudumu, wala hazikustahili kudumu, zilistahili kuwapo.

Lakini katika baraza lile hatukuuliza hata moja la maswali hayo. Hatukuwasikia vijana wakiimba wimbo mmoja. Tulitazama mashati, tukataja methali, tukaondoka kabla ya jua kuchwa ili tuwahi gari. Waalimu tulikuwa watatu, na kila mmoja wetu humfundisha mtoto darasani asijibu swali kabla ya kulisoma mpaka mwisho.

Methali zenyewe hazina kosa. Ngoma ivumayo haidumu, ni kweli. Walakini methali hiyo haisemi kwamba ngoma isipigwe. Ilitungwa na watu waliokuwa wamekesha wakiisikiliza.

Tumeandika barua kwa baraza kuomba jambo hili lisikilizwe upya kabla ya mavuno mengine. Mwenye gitaa lililosalia yupo. Tulimkuta juzi mwaloni, ameketi juu ya mtumbwi uliopinduliwa, analipiga polepole, amevaa shati lake la vioo. Jua lilikuwa linashuka juu ya maji, na vioo vile vilitupa vijipande vya mwanga katika uso wa kila mtu aliyekuwa akianika dagaa. Tulimwomba atuimbie. Akasita, kwa maana anatujua. Kisha akaimba wimbo wake mwenyewe, wa mpiga ngoma aliyekwenda visiwani. Sauti haijatulia, mahali pengine yalazimisha, mahali pengine yakwama. Tulikaa hata akamaliza, na gari likatuacha.